Je, Wajua? Nyanya Huchelewesha Maharage

Tindikali ya nyanya hukaza maharage. Mpishi wa Mwisenge, Musoma, anayetia nyanya mapema atamaliza mkaa na watoto watalala njaa. Chemsha kwanza mpaka yapondeke kwa vidole, ndipo uunge kwa mafuta, kitunguu na nyanya. Magadi hufanya kinyume: hulainisha upesi, ila ukizidisha, chungu kizima kitakuwa na ladha ya sabuni.

Yaloweke usiku kucha, kisha umwage maji hayo. Maharage mekundu mabichi yana lektini, sumu inayotapisha na kuharisha. Mchemko mkali wa dakika 10 au zaidi huiharibu; moto hafifu usiochemsha hautoshi, hata ukikaa saa nyingi.

Maharage si wenyeji wa Afrika. Asili yake ni bara la Amerika, yakavuka bahari baada ya safari za Wareno na Wahispania. Leo ni nani aliyesoma bweni Tanzania asiyeyakumbuka, pamoja na wadudu wake? Mwisenge yenyewe ni mtaa wa shule: hapo ndipo Julius Nyerere alipoanza masomo mwaka 1934.

Ukitaka kuyapandisha maharage hadhi nyumbani, kata soseji vipande, vikaange mpaka viwe vya kahawia, uvitie dakika za mwisho. Soseji ina chumvi tayari, hivyo onja kabla ya kuongeza. Bei ikikushinda, dagaa wa Musoma wapo, na kwa maoni yangu wanaishinda soseji.