Mama Yuko Kiwandani, Mtoto Yuko kwa Bibi

Mama msomaji, hebu geuza kile kiatu cha mtoto ulichonunua sokoni. Huenda kimeandikwa kwamba kimetengenezwa China. Tangu nchi ile ilipoanza kufungua milango ya biashara mwaka 1978, uchumi wake ulikua kwa karibu asilimia 10 kila mwaka kwa miaka 30. Mamilioni waliondokana na njaa, na hilo tusilibeze.

Lakini aliyekishona kile kiatu ni nani? Mara nyingi ni mwanamke aliyetoka kijijini, na mwanawe hayuko naye. Tangu mwaka 1958 kila Mchina huandikishwa kwao kwa utaratibu uitwao hukou. Akihamia mjini kazi ataipata, lakini haki za mwenyeji hazipati kwa urahisi. Shule ya serikali humdai mtoto wake hati nyingi, na mtihani wa kuingia chuo kikuu kwa kawaida hufanyiwa kule alikoandikishwa. Miji midogo imelegeza masharti. Majiji makubwa bado ni magumu. Basi mama afanyeje? Humwacha mtoto kwa bibi, akawa anatuma fedha. Mwaka 2013 shirikisho la wanawake la China lilikadiria kuwa watoto wa vijijini walioachwa namna hiyo walizidi milioni 60.

Novemba 2012, huko Bijie katika jimbo la Guizhou, wavulana watano walikutwa wamekufa ndani ya pipa kubwa la taka. Walikuwa wameingia humo kukimbia baridi, wakawasha mkaa. Sisi tunaopika kwa jiko la mkaa twajua sumu yake katika mahali palipofungwa. Baadhi ya wazazi wao walikuwa mbali, Shenzhen, wakitafuta riziki kwa kuokota taka.

Mei 2020 Li Keqiang, aliyekuwa Waziri Mkuu, alisema waziwazi kwamba watu milioni 600 walikuwa na kipato cha kama yuan 1,000 tu kwa mwezi, yaani karibu dola 140 za Marekani. Fedha hizo, alisema, hazitoshi hata kupanga chumba katika mji wa kawaida. Mama wa namna hiyo akiwaleta watoto mjini, atawalaza wapi?

Wengi huonana nao mara moja kwa mwaka, wakati wa Mwaka Mpya wa Kichina. Mtoto mdogo huweza kujificha nyuma ya bibi yake, asimjue huyu mgeni aliyeshika zawadi. Pengine anapoanza kumzoea, likizo imekwisha, na mama anafunga mizigo.