Kura za Wasomali pekee hazikutosha

Agosti 2016, Ilhan Omar, mzaliwa wa Somalia aliyewahi kuishi kambi ya wakimbizi nchini Kenya, alimbwaga Phyllis Kahn kwenye kura za mchujo za chama cha Democratic mjini Minneapolis. Si mchezo: Kahn alikuwa mbunge katika bunge la jimbo la Minnesota tangu 1973. Wapo wanaodai Omar alibebwa na Wasomali wenzake wa mtaa wa Cedar-Riverside. Kweli walimsaidia, lakini Mohamud Noor, Msomali pia, aligombea kiti hichohicho, kwa hiyo kura hizo ziligawanyika. Ilibidi Omar asake kura kwa wengine, wakiwemo wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Minnesota. Alipochaguliwa kuingia Kongresi mwaka 2018, kiti chake cha bunge la jimbo kilimwendea Noor.