Kifuniko Juu ya Paa: Plastiki, Jua na Kalafati

Tundu la sentimita 40 kwa 40 si kubwa. Sinia la wali hulifunika na kubakiza ukingo. Lakini tundu hilo likiwa juu ya paa la gari, likaachwa wazi usiku mmoja wa mvua ya milimita 50, kufikia alfajiri lita 8 za maji zitakuwa zimeingia ndani. Hesabu yake ni nyepesi. Kila milimita moja ya mvua huangusha lita moja ya maji kwenye kila mita ya mraba, na tundu hilo ni asilimia 16 ya mita ya mraba. Kwa kawaida chini yake pana godoro.

Kinachozuia balaa hilo ni kipande cha plastiki chenye unene wa milimita chache, kilichoshikwa na bawaba upande mmoja na hendeli ya kuzungusha katikati. Ndicho kifuniko cha tundu la hewa la kempa, gari lenye kitanda, jiko na kabati ndani.

Katika pwani ya Mtwara magari haya si kioja. Wasafiri wa masafa marefu huteremka nayo kutoka Dar es Salaam, au huingia kutoka Msumbiji kupitia Daraja la Umoja la Mtambaswala, lililofunguliwa mwaka 2010 juu ya Mto Ruvuma. Wengi hupumzika Mikindani, kisha huendelea hadi Msimbati, ndani ya Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma iliyoanzishwa mwaka 2000. Huko gari huegeshwa karibu na maji kiasi kwamba mawimbi husikika usiku kucha, na ni huko huko kifuniko cha paa hupata mtihani wake mkubwa.

Je, wajua kwa nini gari litobolewe paa hapo mwanzo? Jibu limo katika uzito wa hewa. Hewa yenye nyuzi joto 27 ina uzito wa karibu gramu 1,180 kwa mita moja ya ujazo. Ikipashwa hadi nyuzi 50, kama inavyotokea ndani ya gari lililofungwa juani, uzito hushuka hadi karibu gramu 1,090. Hewa hiyo nyepesi hupanda na kujikusanya darini. Ikifunguliwa njia juu, hutoka yenyewe bila feni, na hewa ya baridi huvutwa ndani kupitia madirisha ya chini. Usiku tundu hilo lina kazi ya pili. Watu wawili waliolala hutoa mvuke kwa pumzi na jasho, na mvuke huo usipopata pa kutokea hugeuka matone kwenye bati na kuanza kuozesha mbao za kuta.

Jambo hili nyumba za mwambao zinalijua siku nyingi. Paa la makuti hupumua kila mahali, na pengo kati ya ukuta na paa hutoa joto bila mtu kulifikiria. Yalipokuja mabati, mafundi walianza kuacha matundu ya hewa kwenye kuta chini ya paa, maana bati haliachi hata nafasi ya pumzi.

Kwenye magari ya kulala wazo hilo ni la zamani pia. Katika karne ya 19 baadhi ya magari ya farasi ya Waroma wa Uingereza yalikuwa na kipaa kidogo kilichoinuliwa katikati ya paa kubwa, chenye vidirisha pembeni vya kupitishia mwanga na hewa. Mwaka 1885 daktari na mwandishi William Gordon Stables alitengenezewa mjini Bristol gari la farasi aliloliita The Wanderer, linalohesabiwa kuwa la kwanza kujengwa kwa ajili ya matembezi ya starehe. Leo vipimo vimegawanyika kibara. Kempa nyingi za Marekani zina tundu la inchi 14 kwa 14, na za Ulaya mara nyingi sentimita 40 kwa 40. Kifuniko cha upande mmoja hakiingii kwa mwenzake.

Tukirudi Mtwara, adui wa kwanza wa kifuniko ni jua. Mji huu uko karibu nyuzi 10 kusini mwa ikweta, kwa hiyo mara mbili kwa mwaka, kuelekea tarehe 20 Oktoba na tena karibu na tarehe 22 Februari, jua la mchana hupita utosini kabisa na mlingoti hukosa kivuli. Kioo cha mbele cha gari hupigwa na mwanga kwa mshazari, lakini kifuniko kimelala chali na hupokea miale yote. Plastiki ni minyororo mirefu ya molekuli, na miale ya urujuanimno huikata kidogo kidogo. Dalili ya kwanza ni rangi kugeuka manjano. Baadaye ukipitisha kidole juu yake kinatoka na unga mweupe kama chokaa. Hatimaye hutokea nyufa nyembamba kama nywele kuzunguka bawaba, na siku mtu anapozungusha hendeli, kipande kinabaki mkononi.

Ushahidi wa tiba uko juu ya nyumba nyingi za mjini. Simtanki, tangi la maji la plastiki, ni nyeusi kwa sababu plastiki yake imechanganywa na masizi laini ya kaboni, ambayo hunyonya miale hiyo kabla haijafika ndani, na giza lake huzuia mwani kuota kwenye maji. Kifuniko cha kempa hakiwezi kuwa cheusi kama tanki, kwani wenye gari wanataka mwanga upite. Ndiyo maana vilivyo bora hutengenezwa kwa akriliki, inayostahimili jua vizuri, au kwa polikaboneti, ngumu zaidi kwa kishindo lakini inayohitaji kupakwa kinga ya miale.

Kishindo nacho si cha kubuni. Gari lenye kimo cha mita 3 likiegeshwa chini ya mnazi wa mita 15, nazi inayoanguka hugonga paa kwa mwendo wa karibu kilomita 55 kwa saa. Plastiki iliyopikwa na jua miaka mitano haina la kufanya mbele ya pigo hilo.

Upepo hushambulia kwa namna nyingine. Kifuniko kilichosahaulika wazi barabarani, gari likienda kilomita 80 kwa saa, husukumwa na nguvu inayokaribia uzito wa kilo 5, na nguvu hiyo yote huishia kwenye bawaba. Ndiyo sababu fundi mzoefu hufunga kifuniko bawaba ikiwa upande wa mbele wa gari, ili upepo wa safari ukikandamize badala ya kukifumua.

Chumvi ndiyo adui mpole kuliko wote. Rasharasha za bahari zikikauka juu ya paa huacha chumvi, na usiku chumvi hunyonya unyevu tena. Maji hayo hupitisha umeme. Skrubu ya chuma iliyozama kwenye bati la alumini ikiloa maji ya chumvi huwa kama betri ndogo, na alumini ndiyo inayoliwa. Pembeni mwa skrubu hutokea unga mweupe, tundu hupanuka, skrubu hulegea, na maji yanapata njia ambayo hakuna aliye ndani ya gari anayeiona.

Hapo ndipo wengi hukosea kuhusu kifuniko hiki. Kukibadilisha chenyewe ni kazi ya nusu saa. Hufunguliwa kabisa, mkono wa hendeli huchomolewa kwenye reli yake, kifuniko husukumwa kando mpaka kitoke kwenye bawaba, na kipya huingizwa kwa njia ile ile. La kuchunga ni aina ya bawaba tu. Huko Marekani, vifuniko vya kampuni za Jensen, Elixir na Ventline hulingana kwa vipimo vya tundu lakini bawaba zao hazipatani. Gari, hata hivyo, mara nyingi haliozi kwa sababu ya kifuniko. Huozeshwa na maungio, pale fremu ya plastiki inapokutana na bati la paa.

Plastiki na alumini hazipanuki sawa. Fremu ya akriliki ya sentimita 40, ikipanda joto kwa nyuzi 40 kati ya alfajiri na adhuhuri, hurefuka kwa zaidi ya milimita moja. Alumini iliyo chini yake hurefuka kwa chini ya nusu milimita. Kila siku vitu hivi viwili huvutana, na usiku hurudiana. Gundi ikikauka na kuwa ngumu kama jiwe itapasuka tu. Kinachofaa hapo ni kitu laini kisichokauka, kinachoweza kunyooka na kurudi.

Mafundi wa majahazi wa mwambao huu hawahitaji kuelezwa hilo. Ubao wa jahazi huvimba majini, husinyaa juani na hujipinda kwenye mawimbi, kwa hiyo hakuna aliyewahi kuziba maungio yake kwa kitu kigumu. Hupigwa kalafati: pamba iliyotiwa mafuta husokotwa kama kamba, hupangwa kwenye ufa kati ya mbao mbili, kisha husindiliwa kwa patasi butu na nyundo mpaka sauti ya pigo ibadilike. Msumari nao haupigwi mtupu. Huviringishiwa pamba yenye mafuta chini ya kichwa ili maji yasifuate shina lake. Sehemu ya jahazi inayozama majini hupakwa deheni, mchanganyiko wa shahamu na chokaa.

Fundi anayebadilisha fremu nzima ya kempa hufuata mpango huo huo kwa vifaa vingine. Kwanza hutoa skrubu na kukwangua gundi ya zamani yote kwa kipande cha mbao au plastiki, kwani bisibisi huchana bati. Akikuta silikoni huikwangua mpaka mwisho, maana hakuna kinachoshika vizuri juu ya mabaki yake. Hufuta kwa spiriti. Halafu hubandika chini ya fremu mkanda wa mpira wa butili, ule ule uliobuniwa Marekani mwaka 1937 na William Sparks na Robert Thomas, na ambao umetengeneza tyubu za magurudumu dunia nzima kwa sababu hewa haipiti kirahisi ndani yake. Mkanda huo ndio pamba yake ya kalafati. Skrubu hukazwa kwa kupishana pembe, ili butili ifinywe sawasawa na kuchungulia pande zote. Juu ya kila kichwa cha skrubu, na kuzunguka ukingo, humiminwa gundi laini ya paa inayojisambaza yenyewe, kama deheni juu ya mbao.

Baada ya siku moja huja jaribio. Mtu mmoja hupanda na ndoo, akaanza kumwagia maji upande wa chini wa mteremko wa paa na kupanda taratibu, ili kikivuja ajue ni wapi. Mwingine hukaa ndani na tochi, vidole vyake vikipapasa pembe nne za dari.

Jahazi la mbao hupandishwa mchangani wakati wa bamvua, maji yanapojaa na kupwa sana, likakwanguliwa na kupakwa upya kabla ya kurudi baharini. Kifuniko cha kempa kinadai ratiba ya namna hiyo hiyo. Mvua za Mtwara huja kwa msimu mmoja, kwa kawaida kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili, na wakati mzuri wa kupanda juu ya paa ni Oktoba, jua likiwa utosini na kila ufa ukionekana. Fundi hubonyeza gundi kwa ukucha wa kidole gumba, sentimita kwa sentimita. Panapobonyea na kurudi, hupaacha. Panapokatika kama mkate mkavu, hapo huweka alama ya chaki, kisha hushuka kufuata kikwangulio.