Heshima ya Mwalimu Rath

Wapenzi wa senema za zamani bila shaka wamepata kusikia habari za “Malaika wa Buluu”, iliyotengenezwa Ujerumani chini ya uongozi wa Josef von Sternberg na kuonyeshwa mara ya kwanza mjini Berlin tarehe 1 Aprili, 1930. Kila inapozungumzwa, lawama hutupiwa mwanamke. Sisi hatukubaliani na hukumu hiyo.

Immanuel Rath ni mwalimu wa sekondari, mtu mzima asiye na mke. Wanafunzi wanamwogopa lakini hawampendi. Huligeuza jina lake wakamwita “Takataka”. Anapogundua kuwa vijana hao hutoroka usiku kwenda kumtazama Lola Lola, mwimbaji wa kilabu kimoja cha pombe, anawafuata huko ili awakamate. Alikwenda kukamata, akakamatwa yeye. Asubuhi moja anaamka chumbani kwa Lola, anafika darasani amechelewa, na anaposhutumiwa na mkuu wa shule anajibu kwamba atamwoa. Kazi ikaishia hapo.

Lola alikuwa na picha zake za nusu uchi zilizouzwa kwa watazamaji. Mara baada ya harusi Rath anaapa kuwa hazitauzwa tena maadamu yeye ana senti moja mfukoni. Senti zikaisha. Tunamwona, ndevu hazijanyolewa, akipita meza hadi meza akiziuza picha za mkewe mwenyewe. Kwetu sisi, hapo ndipo alipokwisha, kabla hata hajapakwa rangi usoni na kufanywa kichekesho cha jukwaani.

Lola hakujifanya mtawa. Rath ndiye aliyedhani kuwa heshima aliyopewa ilikuwa yake, kumbe ilikuwa ya kiti alichokalia. Alipoondoka kitini hakubaki na kitu. Wako wakubwa wa ofisi, na si Ujerumani pekee, ambao wangefaa kuitazama senema hii kwa makini.

Nao watu wa mji wake je? Kundi linaporejea pale, ukumbi unajaa pomoni. Wamelipa viingilio ili waone mwalimu wao wa zamani akivunjiwa mayai kichwani na kulazimishwa kuwika kama jogoo. Wanacheka. Huku pembeni mkewe yumo mikononi mwa mwanamume mwingine. Rath anawika, wika ya kutisha, kisha anamvamia Lola ili amnyonge. Usiku huo anajikokota hadi darasani kwake, na mlinzi anamkuta amekufa, mikono imeing’ang’ania meza yake.

Wanazi waliposhika dola mwaka 1933 waliipiga marufuku senema hiyo, na wakachoma moto vitabu vya Heinrich Mann, ambaye riwaya yake ya mwaka 1905 ndiyo iliyozaa kisa hiki. Emil Jannings, aliyeigiza Rath, alibaki akaigiza katika senema za kuwanufaisha watawala hao. Kurt Gerron, aliyeigiza mkuu wa kundi, alikuwa Myahudi. Aliuawa Auschwitz mwaka 1944. Marlene Dietrich, aliyeigiza huyo Lola anayelaumiwa, alikataa kurudi kuwatumikia. Alichukua uraia wa Marekani mwaka 1939, na wakati wa vita akawafuata askari waliopigana na Wanazi hadi karibu na mstari wa mbele, akawaimbia.