Nyumba za Mawe za Lamu: Hati ya Historia na Lugha

Historia ya Lamu haimo katika nyaraka pekee. Imo pia katika nyumba zake za mawe, ambazo nyingi ni za karne ya 18. Vyumba vyake ni vyembamba, kwani dari huchukuliwa na boriti za mikoko, na urefu wa boriti ndio mpaka wa chumba. Mpango wake nao wadhihirisha adabu za jamii. Mgeni hupokewa katika daka, penye mabaraza. Kisha hupita tekani na kufika kiwandani. Kiwanda hapa ni ua wa ndani, wala si mahali pa mashine. Sabule ni chumba cha wageni, nayo ndani ni makao ya faragha ya wenyewe. Wikio, chumba kilichojengwa juu ya njia, huunganisha nyumba mbili.

Ngome, iliyomalizika mwaka 1821, yasimulia habari za watawala. Nyumba zasimulia za wenyeji. UNESCO iliutia mji huu katika Urithi wa Dunia mwaka 2001, lakini hifadhi hiyo ni ya majengo. Nyumba ikigawanywa upya, msamiati huu hukosa cha kutaja, ukasahaulika. Yatupasa kuukusanya wangali wapo wausemao.