Thomas Woolston na kesi ya miujiza

Machi 1729, katika ukumbi wa Guildhall jijini London, mzee wa miaka 60 alipandishwa kizimbani kwa kosa la kukufuru. Huyu ni Thomas Woolston, mwanazuoni wa Cambridge, aliyekuwa ametoa vijitabu kuhusu miujiza ya Yesu tangu 1727, kila kimoja akikielekeza kwa askofu wa Kanisa la Uingereza.

Woolston aliuliza maswali ambayo msomaji makini wa Injili huenda amewahi kujiuliza kimoyomoyo. Katika Marko sura ya 5, nguruwe wapatao 2,000 walizama baharini: nani aliwafidia wenye mali? Mbona mtini ulilaaniwa kwa kukosa matunda, na Marko mwenyewe anasema haukuwa msimu wa tini? Jibu lake lilikuwa kwamba habari hizi hazikutokea kama zilivyoandikwa. Ni mafumbo ya mambo ya roho, na hapo alimfuata Origen wa Alexandria, mwalimu wa Kanisa wa karne ya 3.

Lakini aliandika kwa matusi na dhihaka. Hilo silitetei, kwa sababu waumini waliumia, na hoja zenyewe zikafunikwa na kelele.

Mahakama ilimtia hatiani. Alitozwa pauni 25 kwa kila kimoja cha vijitabu vinne, akafungwa mwaka mmoja, na akatakiwa kuleta wadhamini wa mwenendo wake maisha yake yote. Wadhamini hawakupatikana. Alifariki Januari 1733, akiwa bado chini ya mamlaka ya gereza.

Wakati huohuo maandiko ya kumjibu yalimiminika. Askofu Thomas Sherlock alitunga kesi ya kubuni ambamo mitume walishtakiwa kwa ushahidi wa uongo kuhusu ufufuo. Baraza la wazee wa mahakama likawaona hawana hatia. Ni kazi ya werevu mkubwa, lakini mpinzani halisi wa mwandishi wake alikuwa kifungoni.

Mimi namheshimu zaidi Nathaniel Lardner, mchungaji wa madhehebu yaliyojitenga na Kanisa la taifa. Mwaka huohuo wa 1729 aliitetea miujiza mitatu ya kufufua wafu, akizichambua hoja za Woolston moja baada ya nyingine. Hata hivyo alipinga mwandishi kuadhibiwa na serikali. Kwake, dini ya kweli haihitaji askari wa kuilinda dhidi ya maswali, na kumwadhibu mpinzani kunaitia aibu. Nakubaliana naye kabisa: imani inayojibu kwa pingu inawafanya watu wadhani haina jibu jingine.

Somo hilo lilichelewa kueleweka. Mwaka 1762 mchungaji George Campbell wa Aberdeen alichapisha jibu lake kwa mwanafalsafa David Hume, aliyeitilia shaka miujiza, na wawili hao wakaandikiana barua za heshima. Lakini mwaka huohuo, London, mzee Peter Annet, aliyewahi kumjibu Sherlock, alihukumiwa kwa kukufuru: kifungo, kazi ngumu, na kusimamishwa hadharani shingo na mikono ikiwa imebanwa kati ya mbao.