Nchi, Muungano na Shirikisho: Maneno Matatu katika Mjadala Mmoja, kwa Mtazamo kutoka Upare

1.0 Utangulizi

Mhadhara huu unahusu maneno matatu ambayo kila Mtanzania huyatumia na ambayo ni wachache huyapima: nchi, muungano na shirikisho. Unapojadiliwa uhusiano wa Tanganyika na Zanzibar, wanasheria huleta vifungu vya Katiba, na wanahistoria huleta kumbukumbu za mwaka 1964. Mwanaisimu hana budi kuuliza swali linalotangulia hayo yote: je, wanaobishana hutumia neno moja kwa maana moja? Hoja yangu ni kwamba kila neno kati ya haya matatu hubeba jibu ndani yake, na kwamba msemaji huchagua upande pale tu anapolichagua neno. Nitaanzia Same na Milima ya Upare, kwa kuwa huko nchi nyingi ndogo zilifanywa wilaya moja kabla Tanganyika na Zanzibar hazijawa dola moja.

2.0 Nchi: mfano wa Upare

Neno nchi lina maana zisizopungua tatu. Ni ardhi, kama tunaposema nchi kavu. Ni eneo la watu wenye mtawala wao na mila zao. Tena ni dola yenye mamlaka kamili na kiti katika Umoja wa Mataifa. Maana hii ya tatu ndiyo changa kuliko zote, lakini ndiyo inayopewa uzito na sheria za kimataifa.

Kwa maana ya pili, Upare ulikuwa na nchi nyingi. Ugweno, Usangi, Mbaga, Mamba na Chome zilikuwa na watawala wao. Hata lugha haikuwa moja: wengi walisema Chasu, yaani Kipare, lakini Kigweno cha kaskazini kina sura yake na kinakaribiana na lugha za Kichaga. Waingereza waliziweka nchi hizo chini ya wilaya moja, makao yake makuu yakiwa Same, mji wa tambarare uliopitiwa na reli ya kutoka Tanga kwenda Moshi. Watawala walibaki, lakini juu yao kukawa na ofisi moja.

Umoja huo uliamriwa kutoka juu. Umoja uliotoka kwa wananchi wenyewe ulidhihirika mwaka 1945, pale maelfu ya Wapare kutoka pande mbalimbali za milima walipokusanyika Same kupinga mbiru. Hapa pana somo la isimu. Mbiru lilikuwa jina la ushuru wa jadi uliotolewa kwa mtawala. Serikali ya kikoloni na watawala wa Upare walilichukua jina hilo wakaliita kodi mpya iliyotozwa kwa kadiri ya mali ya mtu. Jina lilikuwa la kale, na maudhui yake yalikuwa mapya. Wananchi hawakukubali kwamba kile kilichoitwa mbiru kilikuwa ndicho mbiru walichokijua, na baada ya upinzani wa muda mrefu kodi hiyo iliachwa.

Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika huru iliondoa madaraka ya watemi kote nchini. Tangu hapo msemaji aweza kusema "nchi ya Usangi" bila kumtisha yeyote, kwa sababu nchi hiyo haidai serikali wala bendera. Maana ya pili imebaki bila kuigusa maana ya tatu.

Jambo moja laziunganisha Same na Zanzibar kabla ya siasa. Mwaka 1928 mkutano wa Mombasa uliichagua lahaja ya Kiunguja iwe msingi wa Kiswahili sanifu, na Kamati ya Lugha ya mwaka 1930 ikaendeleza kazi hiyo. Kwa hiyo mtoto wa Usangi aliyejifunza kusoma Kiswahili shuleni alikuwa akijifunza lugha iliyotoka Unguja, miaka mingi kabla Unguja haijawa sehemu ya dola yake.

3.0 Muungano: kuungana au kuunganishwa?

Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, ikitoka katika udhamini wa Umoja wa Mataifa chini ya Uingereza. Zanzibar, iliyokuwa nchi lindwa ya Uingereza tangu mwaka 1890, ilipata uhuru tarehe 10 Desemba 1963, kisha ikafanya Mapinduzi tarehe 12 Januari 1964. Julius Nyerere na Abeid Amani Karume walitia saini Hati za Muungano tarehe 22 Aprili 1964, na dola mpya ikaanza tarehe 26 Aprili. Jina Tanzania lilitangazwa Oktoba mwaka huohuo.

Muungano ni nomino iliyotokana na kitenzi -ungana, yaani -unga pamoja na kiambishi cha mtendano -an-. Katika mtendano, watendaji ndio haohao watendwa: A anaungana na B, na hakuna mkono wa tatu. Neno lenyewe, basi, hudai hiari. Wakosoaji wa Muungano, hasa wanaokumbusha kwamba wananchi hawakupigiwa kura ya maoni, hupenda kusema kwamba nchi hizo "ziliunganishwa". Viambishi -ish- na -w- humwingiza mtendaji wa nje na kuzifanya nchi kuwa watendwa. Tofauti ya viambishi viwili ndiyo tofauti ya hoja mbili za historia.

4.0 Shirikisho na idadi ya serikali

Shirikisho limetokana na -shirikisha, kama onyesho lilivyotokana na -onyesha. Katika siasa neno hili limekusudia dola ambazo kila moja hubaki na serikali yake, huku serikali nyingine ikiwa juu ya zote. Hivyo ndivyo makoloni sita ya Waingereza yalivyofanya yalipoungana kuwa Australia mwaka 1901. Hivyo pia ndivyo Nyerere, Jomo Kenyatta na Milton Obote walivyotarajia walipotangaza nia ya Shirikisho la Afrika Mashariki huko Nairobi tarehe 5 Juni 1963, nia ambayo haikutimia.

Muungano wa mwaka 1964 haukufuata njia hiyo. Serikali ya Tanganyika iliingia ndani ya Serikali ya Muungano, ilhali Zanzibar ilibaki na serikali yake kwa mambo yasiyo ya Muungano. Mambo ya Muungano yaliyoorodheshwa mwanzoni yalikuwa 11. Katika nyongeza ya Katiba ya mwaka 1977 yalifikia 22. Tume ya Jaji Francis Nyalali mwanzoni mwa miaka ya 1990 ilipendekeza serikali tatu. Tume ya Jaji Joseph Warioba ilipendekeza vivyo hivyo mwaka 2013, yaani muundo wa shirikisho. Bunge Maalumu la mwaka 2014 lilirejesha serikali mbili, na kura ya maoni iliyopangwa mwaka 2015 haikufanyika.

Katikati ya hayo lipo tena neno nchi. Katiba ya Muungano huitaja Tanzania kuwa nchi moja. Katiba ya Zanzibar, baada ya marekebisho ya mwaka 2010, huitaja Zanzibar kuwa mojawapo ya nchi mbili zinazounda Jamhuri ya Muungano. Kwa maana ya tatu ya neno, kauli hizi zinagongana. Kwa maana ya pili, zaweza kukaa pamoja.

5.0 Hitimisho

Isimu haiwezi kuamua kama Tanzania iwe na serikali mbili au tatu. Uamuzi huo ni wa wananchi. Lakini mfano wa mbiru watuonya kwamba jina la kale haliwezi kuficha maudhui mapya kwa muda mrefu, kwa kuwa mwenye lugha hulipima neno kwa maisha yake. Wajibu wetu, walimu na wanafunzi wa Kiswahili, ni kumdai kila mwandishi wa sheria na kila mzungumzaji wa jukwaani aseme ni nchi kwa maana ipi, ni kuungana au kuunganishwa, ni muungano au shirikisho. Hapo ndipo wanaotofautiana watakapoanza kujibizana badala ya kupishana.